Mama Mkwe na Matoleo Matatu

Katika mwaka wa nne wa ndoa yangu nilikuwa naishi na watu wawili: mama mkwe, ambaye nyumba yake ilikuwa hatua kumi na mbili kutoka mlangoni kwangu, na mume wangu, ambaye alikuwa kwenye simu. Mume wangu ni fundi wa mitambo mikubwa ya barabara. Mradi wao ulikuwa kusini, upande wa Songea, na alirudi nyumbani kila baada ya miezi minne. Anakaa wiki mbili, anarekebisha bawaba za milango, anachinja kuku, anaondoka. Sisi wanawake wawili tunabaki na kihamba, lile shamba la migomba na kahawa linaloizunguka nyumba, juu kidogo ya mji mdogo wa Maji ya Chai, mahali ambapo mwezi wa saba ukungu hushuka kutoka mlimani na kukaa mpaka saa nne asubuhi.

Mimi ni mtu wa Morogoro. Kimeru nilikuwa nimejifunza salamu na maneno ya kumfukuza ng'ombe. Watu waliokua wakinywa maji ya mto wetu wana meno yenye rangi ya chai. Mimi nikicheka tu, anayenitazama anajua sikuzaliwa hapa. Nilikuwa sicheki sana. Jumapili nilikwenda usharikani, nikamsikiliza mama mkwe akiimba sauti ya pili katika kwaya, kitabu cha nyimbo kimefunguliwa mikononi mwake, kisha tukarudi nyumbani pamoja bila kusema mengi. Hatukuwa tumegombana. Asubuhi namwambia, "Shikamoo mama," ananijibu, "Marahaba mwanangu, umelalaje?" nasema salama, na hapo maneno yetu yanakuwa yamekwisha mpaka mchana.

Kazi yangu ilikuwa kuandika tafsiri za Kiswahili zinazopita chini ya picha kwenye filamu. Ofisi iliyonipa kazi iko Nairobi na sijawahi kuikanyaga. Walinitumia filamu kwa mtandao, mimi nikawarudishia maneno. Nilifanyia kazi chumba cha nyuma. Dirishani nilikuwa nimebana kitenge ili mwanga usipige kioo, kompyuta nimeiunganisha na televisheni ya mume wangu, na masikioni nimevaa hedifoni kubwa za kuziba kila kitu. Niliingia baada ya chai ya asubuhi na kutoka saa nane. Mtu angeweza kuja, akapiga hodi mara tatu, akaondoka, nisijue.

Julai ile walinipa kazi ya aina nyingine. Ilikuwa filamu ya zamani ya kutisha, ya mambo ya anga, iliyotengenezwa kabla sijazaliwa. Msimamizi wangu alinieleza kwamba wapenzi wa filamu za namna hiyo wanaiheshimu sana, na kwamba ipo katika matoleo matatu. Ofisi ilitaka kuchagua moja kwa ajili ya watu kuangalia nyumbani. Nilitakiwa niyaangalie yote, niyalinganishe, niseme lipi linafaa kuandikiwa Kiswahili na kwa sababu gani. Nilipewa wiki tatu.

Hadithi yenyewe si ndefu. Watu sita wanakaa kwenye kituo cha kupima hali ya hewa, kwenye sayari ya mbali ambako jua halizami. Chini ya sakafu ya kituo kuna kitu cha kijivu, mfano wa kuvu. Hakina meno wala makucha. Kinamkuta mtu akiwa peke yake, kinammeza, halafu kinabaki na sauti yake, na kwa sauti hiyo kinawaita wenzake kupitia redio. "Njoo unifungulie. Niko nje, nina baridi." Waliobaki hawana njia ya kujua anayewaita ni mwenzao au ni kile kitu.

Toleo la kwanza lilikuwa limetolewa kwenye kanda za zamani. Picha ilikatwa pembeni ili ienee kwenye televisheni za wakati ule, kwa hiyo mara nyingine watu wawili wanaongea na unachokiona ni meza iliyo kati yao na ncha ya pua moja. Rangi zilikuwa zimefifia, kila kitu kama kimepakwa matope mekundu, na nyuma ya sauti kulikuwa na mvumo kama wa mashine ya kusaga iliyo kijiji cha pili. Toleo la pili ni refu zaidi kwa dakika kumi na saba, ambazo mwongozaji mwenyewe alizirudisha miaka mingi baadaye. Picha yake ni pana, ina chengachenga, lakini unaona chumba chote. La tatu ndilo jipya. Lilifuata lile refu, ila kila fremu ilisafishwa kwa kompyuta. Ukiliona unafikiri lilipigwa jana.

Siku ya pili ya kazi hiyo hedifoni zangu zilikufa sikio moja. Nilihangaika na waya, nikauzungusha, nikaubana kwa gundi, haikusaidia. Nikaamua kuchomeka spika ndogo ambayo mume wangu huitumia kusikilizia mpira, nikaendelea na toleo la kwanza. Nilikuwa nimefika mahali ambapo mwanamke mmoja wa kituo, mwenye koti jekundu, amekaa kwenye ghala la vifaa analia peke yake, ndipo mlango uliposukumwa.

Mama mkwe alisimama kizingitini, mkono mmoja umeshika fremu ya mlango.

"Unaumwa?" aliuliza.

"Hapana, mama."

"Nani analia?"

"Ni filamu, mama. Kazi."

Aliinamisha kichwa, akasikiliza. Yule mwanamke wa filamu aliendelea kulia.

"Nilidhani ni wewe," alisema. "Siku nyingine huwa ni wewe."

Nilikuwa naamini kuta za nyumba ile ni nene. Nilimsogezea kiti, zaidi kwa aibu kuliko kwa ukarimu, naye akakaa. Akauliza yule mwanamke analilia nini. Nikamweleza: wenzake wanne wamepotea, amebaki yeye na mwanamume mmoja, na kila dakika redio inawaita kwa sauti za waliopotea. Akasema, "Ee Bwana." Alikaa mpaka mwisho. Alipotoka aliuliza kama kesho ipo tena.

Kesho yake alikuja na ungo wa mahindi ya kupukuchua. Aliuweka mapajani, akaelekeza uso kwenye televisheni, vidole vikaanza kazi vyenyewe. Hakujua Kiingereza zaidi ya neno moja moja, kwa hiyo nilimtafsiria kwa sauti wakati nikiandika. Kumbe kumtafsiria mtu aliyekaa kando yako ni tofauti na kumtafsiria mtu asiyejulikana. Nilipokosea alinisimamisha. "Mtu anayeogopa hasemi maneno mengi hivyo," aliniambia mara moja, nami nikafuta mstari mzima.

Tulipoanza toleo la pili nilikuwa tayari namngojea. Nilichemsha chai ya tangawizi mapema. Alikuwa akiingia baada ya kuwalisha ng'ombe, amejifunga khanga mbili kwa sababu ya baridi, anakohoa kidogo, anakaa. Siku moja tulifika pale redio ya kituo inapoita kwa sauti ya daktari wao, mzee mpole aliyekuwa ametoka nje kutafuta wenzake. Yule mwenye koti jekundu anafurahi, anakimbilia mlango amfungulie. Mimi mwenyewe, mara ya kwanza, nilifurahi naye.

"Asifungue," alisema mama mkwe. "Huyo siye."

"Umejuaje?"

"Huyo hapumui."

Nikasimamisha filamu. Nilimwuliza ana maana gani. Alinitazama, au nilidhani ananitazama, kama mtu aliyeulizwa jambo la wazi.

"Kwenye kwaya mwalimu anatufundisha pa kuvuta pumzi. Mtu hawezi kusema maneno yote yale bila kuvuta. Daktari alipokuwa mzima alikuwa anavuta pumzi kama mtu mwenye pumu. Huyu hajavuta hata mara moja."

Alipotoka nilichukua hedifoni zangu zenye sikio moja, nikarudi mwanzo wa filamu. Nilisikiliza kila mstari. Kila mtu aliye hai alivuta pumzi kabla ya kusema. Wengine kwa nguvu, wengine kidogo sana, lakini ilikuwepo. Kila mara kile kitu kilipozungumza, pumzi haikuwepo. Nilihesabu mara ishirini na tatu na hapakuwa na kosa hata moja. Kuna mtu, miaka hiyo ya zamani, aliketi na mkasi na utepe wa sauti akazikata pumzi zile moja moja, na hakuna mahali popote kwenye filamu panapomwambia mtazamaji ajue hivyo. Nilimfikiria huyo mtu. Nilijiuliza kama kuna aliyewahi kumwambia, nimesikia ulichofanya.

Wiki ya tatu tukaanza toleo jipya. Kwa kweli lilikuwa zuri. Koti jekundu lilikuwa jekundu la kahawa iliyoiva. Ulihesabu misumari kwenye kuta za kituo. Nilikuwa nimeshaandika kichwani sentensi ya kulisifu. Mama mkwe alipukuchua mahindi kwa muda, kisha akaanza kusitasita.

"Hawa wameshakufa wote?" aliuliza.

"Nani, mama?"

"Watu wa kituo. Tangu mwanzo hakuna anayepumua."

Nikarudisha nyuma, nikaongeza sauti, nikaweka sikio karibu na spika. Alikuwa sahihi. Waliosafisha sauti walikuwa wameondoa ule mvumo wa zamani, na pamoja na mvumo wakaondoa pumzi. Wazima na waliomezwa walikuwa wanasema kwa namna moja. Siri ya filamu nzima ilikuwa imefagiliwa kama vumbi.

Nilifurahi kama mtu aliyeokota kitu njiani. Nilimwambia aendelee kusikiliza, mimi nikaongeze maji ya moto kwenye chai. Nadhani nilipopita nyuma ya televisheni niligusa waya. Jikoni nilikaa dakika tano, labda sita, nikimsikia daktari na wenzake wakibishana huku nikikoroga sukari. Niliporudi na vikombe viwili, kioo cha televisheni kilikuwa cheusi. Waya wa picha ulikuwa umechomoka. Sauti iliendelea, maana spika ilikuwa kwenye kompyuta.

Mama mkwe alikuwa amekaa vilevile, uso kwenye kioo, vidole kwenye mahindi.

"Umechelewa," alisema. "Yule mwanamke ameshatoka nje."

Nilisimama na vikombe mkononi.

"Picha inaonekana vizuri, mama?"

"Inaonekana. Hii nzuri kuliko zile."

Niliviweka vikombe chini. Mambo yalinijia yote kwa pamoja, kama watu waliokuwa wanangoja nje ya mlango. Mwaka ule hakuchuma kahawa, alisema mgongo unamsumbua. Kuchambua maharage alinipa mimi, akasema ni kazi ya wanawake wenye haraka. Kitabu cha nyimbo hakuwahi kukigeuza ukurasa. Mkono uliogusa fremu ya mlango. Simu yake, ambayo alinipa mimi kila ilipolia, nikafikiri ni heshima.

"Mama," nilisema, "kioo kimezima. Hakuna picha."

Vidole vyake vilisimama juu ya gunzi.

"Tangu lini?" aliuliza.

"Sijui. Nilikuwa jikoni."

Nilikwenda kuzima sauti, kisha nikachuchumaa mbele ya kiti chake. Kwa mara ya kwanza niliyaangalia macho yake kwa karibu, na katikati ya kila jicho palikuwa na weupe kama maji yaliyooshewa mchele.

"Na wewe, mama? Tangu lini?"

"La kushoto tangu Krismasi ya mwaka wako wa kwanza hapa. La kulia lilivumilia kidogo."

"Kwa nini hukusema?"

"Nimwambie nani?" Hakusema kwa ukali. Alisema kama mtu anayeeleza kwamba mahindi bado hayajakauka. "Mwanangu anapiga simu, ananiuliza kama nimekula, anakata. Wewe umeziba masikio. Nikaona acha, mwanga bado nauona. Njia ya zizini naijua. Wewe nakujua kwa ndala zako, unaburuza mguu wa kulia."

Nilishika gunzi lile mikononi mwake bila kujua kwa nini nalishika. Ndipo akaniambia habari za mama yake mzazi, ambaye alipofuka uzeeni na kukaa miaka tisa kwenye kigoda karibu na moto. "Walikuwa wanamsogeza kama kiti," alisema. "Walikuwa watu wema. Wanataka kufagia, wanamsogeza. Nikasema mimi sitaki kusogezwa."

Alasiri ile nilimpigia mume wangu. Alishangaa sana, akauliza mbona mama hajamwambia, kisha akasema nisubiri arudi mwezi wa tisa tuone la kufanya. Nyuma yake nilisikia mtambo unanguruma na mtu anamwita. Nilimwambia sawa. Kisha nikaenda kwa jirani mwenye gari, mwalimu mstaafu wa shule ya msingi, nikamwomba Jumatatu atupeleke mjini.

Hospitalini, daktari wa macho alikuwa binti mdogo kuliko mimi. Alimmulika mama mkwe kwa tochi nyembamba, akasema ni mtoto wa jicho, yote mawili, na kwamba watafanya upasuaji wa jicho moja kwanza, la pili baada ya mwezi. Alisema kwa sauti ya kawaida kabisa, kama fundi anayesema tairi moja halina upepo. Nilitamani kumkumbatia na pia kumpiga. Miaka miwili na nusu ya giza, na dawa yake ilikuwa kazi ya nusu saa, safari fupi ya barabara ya lami.

Siku ya upasuaji nilikaa kwenye benchi la korido na khanga zake mapajani. Zilinukia moshi na maziwa. Nilijikuta nazungumza naye moyoni, maneno mengi, mengi kuliko niliyowahi kumwambia kwa mdomo katika miaka minne.

Kesho yake asubuhi daktari alimfungua bandeji. Mama mkwe alipepesa jicho, machozi yakamtoka. Daktari akainua mkono.

"Vidole vingapi, bibi?"

"Vitatu. Na kucha zako ndefu kwa daktari."

Wote tuliokuwa chumbani tulicheka. Kisha aligeuza kichwa akanitafuta, akanikuta. Alinitazama muda mrefu. Mara ya mwisho kuniona sawasawa nilikuwa bibi harusi wa mwaka mmoja, nimenenepa kwa kula vya watu.

"Umekonda," alisema polepole. "Una mvi hapa. Uko hivi tangu lini?"

Nikajifanya natafuta begi lake chini ya kiti, na begi lilikuwa begani kwangu.

Tuliporudi nyumbani alikataa kupumzika. Alisimama katikati ya sebule yangu akatazama juu, akasema, "Buibui hawa wanalipa kodi?" Alikwenda kihambani na kofia ya kuzuia jua, akakuta kwenye gunia kahawa mbichi na nyekundu zimechanganyika, kazi ya vibarua niliokuwa nawasimamia mimi kupitia dirisha la jikoni. Alinigombeza mpaka majirani wakasikia. Nilipokea. Ilikuwa mara ya kwanza ananigombeza, na nilihisi kwamba sasa mimi ni mtu wa nyumba ile.

Ripoti niliituma ikiwa imechelewa siku nne. Niliandika kurasa tano. Nilisema toleo la kwanza lisitumike kwa sababu linakata watu, la tatu ni zuri kwa macho lakini limeua sauti, na la pili ndilo linalopaswa kwenda nyumbani kwa watu, pamoja na chengachenga zake. Nilieleza habari za pumzi na nikaonyesha mahali pote ishirini na tatu, kila pamoja na dakika yake. Jibu lilikuja baada ya siku mbili. Walinishukuru. Walisema uchunguzi wangu umewavutia sana. Lakini watazamaji wa sasa wanapenda picha safi, na ofisi ilikuwa imeshakubaliana na wenye filamu kuhusu toleo jipya. Wakaniagiza niliandikie Kiswahili hilo.

Nililiandikia. Na kila mtu aliye hai alipofungua mdomo, kabla ya maneno yake niliandika kwenye mabano: anavuta pumzi. Kile kitu kiliposema, sikuandika kitu. Msimamizi wangu aliniuliza kwenye ujumbe mabano yote yale ni ya nini. Nikamweleza kwa kirefu. Alijibu kwa neno moja: "Acha." Katika Kiswahili neno hilo linaweza kumaanisha usifanye, na linaweza kumaanisha yaache yalipo. Nililielewa nilivyotaka, nikatuma kazi, wala hakuniuliza tena.

Jicho la pili lilipopona nilimwalika mama mkwe aje aone filamu yetu, safari hii kwa macho. Nilikuwa nimejiandaa kama mtu anayepokea mgeni. Nilifagia chumba, nikapika mtori wa ndizi na nyama, nikahakikisha waya umeshika. Nilimwekea toleo safi kwa sababu ndilo lenye picha nzuri.

Alitazama kwa dakika kama ishirini. Ile sayari ilipoonekana, uwanda mweupe hadi upeo wa macho, akasogeza kiti mbele.

"Hilo ni turubai," alisema. "Limechorwa. Ona mkunjo pale kwenye kona."

Nilikuwa sijauona mkunjo. Ulikuwepo.

Kile kitu cha kijivu kilipotokeza kwenye sakafu akacheka hadi akashika mbavu. "Ni uji! Uji wa ulezi uliomwagika. Ndiyo hiki tulichokuwa tunakiogopa?" Alicheka, akafuta macho yake mapya kwa ncha ya khanga, akanipiga gotini kwa upole. Kisha akainuka. Kulikuwa na kahawa ya kuanika kabla jua halijapotea, na wanawake wa kwaya walikuwa wanapita kumchukua saa kumi.

"Wewe malizia," aliniambia. "Utanisimulia mwisho."

Mwisho alikuwa anaujua. Nilikaa na sufuria ya mtori na ile filamu ikaendelea. Hakurudi tena kwenye kiti kile. Si kwamba alinikasirikia. Alikuwa na miaka miwili na nusu ya kufidia. Alikwenda misibani na harusini, akaenda soko la Tengeru akabishana na wauza mbegu, akashona upya mapazia ya nyumba yake. Nilimwona kwa mbali akipita na ndoo, ameshika njia katikati. Nilifurahi. Nasema ukweli, nilifurahi, na nilikuwa napika chai ya watu wawili na kumwaga nusu.

Ofisi ilinitumia hedifoni mpya. Ziliziba vizuri kuliko zile za zamani. Nilizitumia siku tatu, kisha nikazirudisha kwenye boksi, nikaendelea na spika.

Mume wangu alirudi mwezi wa tisa. Alimtazama mama yake akitia uzi kwenye sindano, akatikisa kichwa, akaniambia, "Umefanya kazi kubwa." Nilitaka kumweleza habari za waya uliochomoka, za gunzi, za mama aliyesogezwa kama kiti. Nilianza. Alisikiliza kwa heshima, akiwa na bisibisi mkononi, na nilipofika kwenye pumzi nikaona amepotea, nikafupisha. Baada ya wiki mbili akaondoka.

Mwezi wa kumi mama mkwe alikwenda Olmotonyi, upande wa pili wa mlima, kwa mdogo wake aliyeolewa huko kwa Waarusha. Walikuwa hawajaonana tangu macho yalipoanza kufifia. Alisema anakwenda wiki moja. Alifunga nguo zake kwenye begi la kitambaa, akanionyesha mara mbili ng'ombe yupi anapiga teke wakati wa kukamuliwa, akapanda gari la jirani.

Wiki ikapita. Jumamosi alasiri simu yangu ililia, na lilikuwa jina lake. Alikuwa amebonyeza mwenyewe, namba kwa namba, kutoka kwenye karatasi.

"Umekula?" aliuliza.

"Nimekula, mama."

"Umekula nini?"

"Loshoro."

Sikuwa nimepika mahindi wala kugusa maziwa ya mgando; nilikuwa nimekula mkate wa jana. Sijui kama aliamini. Kisha akasema mjukuu wa mdogo wake anapata kipaimara baada ya Jumapili mbili, wamemwomba abaki, na hali ya hewa ya kule imemkubali. Akaniuliza kama ni sawa.

"Ni sawa, mama. Kaa nao."

"Funga mlango wa zizi vizuri."

"Nitafunga."

Akasema haya, Mungu akulinde. Lakini hakukata simu. Kupiga alikuwa amejifunza, kukata bado. Nilisikia akiiweka mahali, labda mezani, maana kikombe kiligonga karibu. Mdogo wake alisema jambo kwa Kimeru, haraka haraka, naye akajibu, wakaangua kicheko, kisha mtu wa tatu akaingia na kiti kikaburuzwa. Sikuelewa hata neno moja. Nilikaa kwenye ngazi ya jikoni, simu sikioni, nikawasikiliza watu wa nyumba ile wakiongea mpaka salio lake likaisha.